Makufuli Mawili Mlabani

Lubumbashi, mwezi wa sita

Dada Skola,

Shikamoo. Tumsifu Yesu Kristu. Kwa hesabu zangu barua hii itakukuta Mchombe bado, maana mpunga wa kuchelewa hauwezi kuwa umekwisha kupigwa, nawe si mtu wa kuacha mpunga uwanjani ukaenda kulala mjini. Goti linaendeleaje? Shemeji aliniambia kwamba mwaka huu ulipanda dungu mwenyewe kuamia ndege, ukakataa kushuka hata alipokuletea chakula. Nilicheka, kisha nikaacha kucheka, kwa sababu nazijua ngazi za dungu lile.

Mimi ni mzima. Huku ni kipindi cha baridi na vumbi. Asubuhi upepo unakausha midomo, mchana vumbi jekundu linaingia hadi ndani ya sukari. Kazi ya redio ni ile ile: malori ya shaba yanayopanga foleni mpakani, bei ya unga, nani kasema nini na nani kakanusha. Ugali wanauita bukari, na mboga yao si mbaya, ila wali wa Kilombero hawaujui. Nikipika ule uliobaki kwenye mfuko ulionipa, majirani huuliza ninapika nini kinachonukia vile.

Barua hii naipeleka kwa dereva anayekwenda bandarini. Ataishusha Mikumi, kondakta wa basi la Ifakara ataichukua, na Shemeji nimeshamwomba aipokee stendi akuletee. Utajiuliza kwa nini sikupiga simu. Kwenye simu ungeniuliza swali, nami ningejibu kama nilivyozoea kujibu. Kwenye karatasi nalazimika kusoma nilichoandika.

Nyumba ya mama ya Mlabani imetangazwa kupigwa mnada. Benki imeshindwa kungoja. Lori nililolinunua kwa mkopo ule wa rehani lilikufa injini barabara ya Mlimba wakati wa masika, na tangu hapo limelala gereji Kidatu likiota majani. Kwa muda nilikuwa nalipa kwa mshahara wangu. Baadaye nikaanza kuruka mwezi, kisha nikaacha. Notisi za benki zilinifikia mimi huku, zote. Nilizisoma na sikumwambia mtu.

Hilo peke yake ni aibu ya kawaida. Watu wengi wameshindwa mikopo. Lililonifanya niandike ni Mama Fide.

Unajua kuliko mimi jinsi alivyoingia kwenye nyumba ile kama mpangaji, kwa sababu ulikuwepo. Mama alimpa chumba kikubwa na ua wa nyuma, kodi anailipa kila mwaka baada ya mavuno mbele yako, na alipoomba ruhusa ya kujenga tanuri la kukaushia samaki mama alimwambia ajenge la matofali ya kuchoma, la kudumu, kwa kuwa hatamtoa hadi mtoto wake wa mwisho amalize sekondari. Mtoto huyo sasa yuko kidato cha tatu, na msimu wa shamba hukaa kwa mke wa katekista. Mama alikufa, mkataba haukuandikwa, na hakuna aliyeona haja ya kuuandika. Nyumba nikaachiwa mimi kwenye kikao cha ukoo, kwa makubaliano kwamba ikija kuuzwa, fungu lako lipo.

Mwezi wa tano Mama Fide alirudi kutoka shamba, Namawala, na magunia ya kwanza. Alipita kwako kuchukua ufunguo, akakukosa kwa kuwa wewe pia uko shamba na umeondoka nao, akaenda hivyo hivyo kuitazama nyumba. Akakuta ukutani maandishi ya rangi nyekundu, na mlangoni, juu ya kufuli lake, kufuli jingine jipya. Kitanda chake, masufuria, sare ya pili ya shule ya mtoto, samaki aliowakausha kabla ya msimu, vyote viko ndani. Tanuri liko uani nyuma ya geti ambalo nalo limefungwa. Majirani wakamweleza kwamba gari lenye vipaza sauti lilipita mtaa mzima likitangaza.

Akanipigia. Nilikuwa ofisini, nikatoka nje kupokea. Hakunisalimia vibaya, aliuliza hali yangu, akauliza baridi. Halafu akasema:

"Mtangazaji, sisi tunakusikia redioni. Habari za nchi za watu unazijua zote, hadi bei ya unga wao. Gari limepita hapa kuitangaza nyumba yako. Ulishindwa nini kututangazia mwenyewe?"

Nikamwambia nilikuwa natafuta namna ya kulimaliza kabla halijamfikia. Nikasikia kuku nyuma yake.

"Haya. Mimi nitalala kwa mke wa katekista mpaka nijue. Dada yako sitamwambia. Utamwambia wewe."

Nimechelewa kukuambia, Dada. Hiyo simu ilikuwa mwezi wa tano na sasa ni wa sita.

Siku chache baadaye akanipigia afisa wa benki. Kijana mstaarabu, anaongea taratibu. Akanieleza kwamba kuna mnunuzi, mfanyabiashara wa mchele wa hapo mjini, anayeitaka nyumba ikiwa tupu ili aigeuze ghala. Akinunua kwa bei aliyoitaja, deni lote linakwisha na kuna kitakachobaki kurudi kwa familia. Ila amejitokeza mama mmoja anayedai kuwa ni mpangaji wa siku nyingi, wakati kwenye taarifa yao ya tathmini nyumba iliandikwa haina mtu. Akaniuliza: "Huyu mama unamfahamu?"

Nimeuliza watu maswali ya namna hiyo maisha yangu yote. Najua mtu anavyojibu anapotaka kupata muda. Nikamwambia: "Nitakupigia."

Sasa nikueleze nyumba ile iliandikwaje haina mtu.

Mwaka juzi nilipoomba mkopo, aliyekuwa anashughulikia mikopo alinidokeza kwamba nyumba yenye mpangaji wa muda mrefu mkopo wake hupungua, kwa sababu ni vigumu kuuza. Hakuniambia niseme uongo. Nikalala na maneno hayo. Mthamini alikwenda Mlabani mwezi wa pili. Mtu wa kwetu angeelewa mara moja alichokiona: nyumba imefungwa, ua umefagiliwa, majani yanaanza kuota karibu na choo, tanuri limefunikwa mabati. Mwezi wa pili nusu ya Ifakara imehamia mashambani. Watu wanaishi vibandani bondeni na nyumba zao za mjini zinawangoja. Lakini yule alikuwa mgeni, ametoka mkoani. Akanipigia akiwa amesimama mlangoni. Akauliza kama kuna anayeishi humo.

Nilimjibu: "Imefungwa, kama unavyoiona. Chukua vipimo kwa nje."

Akachukua vipimo kwa nje. Akaandika alichoona na alichosikia kwangu. Mwaka ule, Dada, wewe hukwenda shamba kwa sababu ya goti. Ulikuwa nyumbani, mwendo mfupi tu kutoka pale, na ufunguo wa Mama Fide ukining'inia kwako ukutani, ule uliofungwa kwa ukindu, kama anavyouacha kila mwaka akiogopa kuupoteza kwenye maji ya mpunga. Ningempa mthamini namba yako, ungechukua fimbo ukaenda kumfungulia, naye angeona kitanda kimetandikwa. Ndiyo sababu sikumpa.

Na nilipokuletea karatasi za mkopo uweke saini kama mwanafamilia, uliuliza swali moja tu. Uliuliza, "Na Mama Fide je?" Nikakujibu kwamba hilo nimelimaliza. Ukasaini kwa sababu niliyejibu ni mimi.

Baada ya kumwambia yule kijana wa benki kwamba nitampigia, sikumpigia. Nilifanya kazi. Nilikwenda mpakani, nikarudi, nikaandika habari ya madereva waliogoma kushusha mzigo. Nikawa naitazama simu kila inapolia nikiomba isiwe namba ya Ifakara. Kichwani nilikuwa nimeshapanga maneno: mama huyo alikuwa akipewa hifadhi na marehemu mama yetu, hana mkataba, tutamwonea huruma kwa njia nyingine. Maneno mazuri. Yangepita.

Kisha Mama Ngoie akabisha hodi. Huyu ndiye mwenye nyumba ninakopanga, mjane mnene mwenye sauti kubwa, anauza mkaa. Alitaka kuiweka nyumba rehani kwenye chama cha mikopo ili aongeze biashara, na alikuwa amekuja na mtu wa chama hicho kuikagua. Mimi nilidhani wangezunguka nje. Akafungua mlango wangu mwenyewe, akaingia naye hadi kitandani kwangu, shuka halijatandikwa, akanishika bega.

"Uyu njo mupangaji yangu," akamwambia kwa Kiswahili chao. "Mwaka yake haiyaisha. Umuone yeye kwanza, kisha uone nyumba."

Yule bwana, aliposikia kwamba mwaka wangu haujaisha, akaniuliza jina, niliingia lini, na tulikubaliana nini. Nikajibu. Akaandika. Mama Ngoie akaongeza kwamba mpangaji huyu anapika wali unaosumbua mtaa mzima, hilo nalo aandike. Wakatoka.

Baadaye nilimuuliza Mama Ngoie kama hakuogopa kwamba watampunguzia mkopo kwa sababu yangu. Akanishangaa. Akasema wamempunguzia kweli, lakini angewezaje kuficha mtu mzima, mrefu kama mimi, amfiche wapi?

Alikuwa anatania. Niliingia ndani nikakaa kitandani. Mimi nilimficha mwanamke mmoja, mtoto wake na tanuri la matofali kwa sentensi moja ya simu.

Kesho yake nikamtafuta wakili, Mtanzania anayesaidia kampuni za malori huku, nikamweleza mambo yote bila kujitetea. Nakuandikia alivyonieleza, kwa sababu utahitaji kuyajua na hutakuwa na mtu wa kumuuliza hapo Mchombe.

Alisema mwenye nyumba kushindwa mkopo hakumfuti mpangaji. Kama mpangaji aliingia kwa haki kabla nyumba haijawekwa rehani, benki iliichukua ikiwa naye ndani, na anayeinunua anainunua akiwa naye ndani, mpaka muda waliokubaliana uishe. Hata aliyeingia baadaye hatupwi nje kama gunia. Anatakiwa kupewa taarifa. Na benki inapotoa notisi ya kuuza, nakala yake inapaswa kumfikia mpangaji, si mwenye nyumba peke yake. Makubaliano ya mdomo ni magumu kuyathibitisha kuliko ya maandishi, na kuna ya muda mrefu ambayo sheria inapenda kuyaona yameandikwa, kwa hiyo hakuniahidi kwamba atapewa muda wote hadi mtoto amalize shule. Lakini mtu aliyeishi miaka yote hiyo, akilipa kodi mbele ya shahidi, akajenga kwa ruhusa, si mvamizi. Na vitu vyake vilivyo ndani ni vyake, kufuli liwe la yeyote.

Nikamuuliza tatizo liko wapi basi. Akasema tatizo liko kwenye neno langu. Benki haikumpa notisi kwa sababu iliamini hayupo, na iliamini hayupo kwa sababu mwenye nyumba alisema hivyo. Akiwa peke yake mbele ya baraza la ardhi, atakuwa anabishana na taarifa ya mthamini. Mwenye nyumba akikiri, ubishi unakwisha.

Nikamuuliza nikikiri nini kitanipata. Akasema benki inaweza kunigeuzia kibao kwa kuidanganya, na deni litakalobaki nyumba ikiuzwa kwa bei ndogo litakuwa juu yangu. Kazini nako wakijua, itategemea nina mkuu wa namna gani. Nikaapa mbele yake siku ile ile. Nimeandika kwamba Mama Fide alikuwa mpangaji humo kabla ya rehani, kwamba kufuli la mwezi wa pili lilikuwa la msimu wa shamba, na kwamba nililijua hilo nilipomjibu mthamini. Kiapo kimekwenda benki. Nakala amepelekewa msaidizi wa kisheria aliyeko Ifakara, ambaye amemsaidia Mama Fide kufungua maombi barazani ya kusimamisha mnada hadi asikilizwe.

Yule kijana wa benki nikampigia. Nikamwambia, "Ndiyo, namfahamu. Ni mpangaji. Alikuwemo tangu mwanzo." Akauliza kama ninaelewa ninachosema. Nikamwambia ninaelewa. Akasema basi yule mnunuzi atajitoa, na kweli amejitoa.

Hapo ndipo linapokugusa wewe. Kile ambacho kingebaki baada ya deni ndicho nilichokuahidi kwa ajili ya goti. Ulishafika hospitali, daktari alishakueleza linahitaji kufanyiwa nini, na mimi nilisema subiri. Sasa mnunuzi hayupo, nyumba ikiuzwa itauzwa na mpangaji ndani kwa bei ya chini, na yawezekana hakitabaki kitu. Nimemtendea haki Mama Fide kwa sehemu iliyokuwa yako, na sikukuuliza kwanza. Nilijua ukiulizwa ungekubali, nikautumia wema wako kabla hujautoa. Hiyo ni tabia ile ile, Dada, imebadili nguo tu. Ahadi nyingine sikupi, zangu unazijua. Nilichofanya ni kumwandikia mkuu wangu aniongezee zamu za usiku, na kinachopatikana nitakipeleka moja kwa moja hospitali, si kwenye simu yangu wala kwa mtu yeyote atakayeniambia ana wazo la biashara.

Ninakuomba mambo mawili tu.

La kwanza, baraza litamsikiliza Mama Fide mwezi ujao. Nenda ukawe shahidi. Sema ulichokiona: kodi aliyoilipa mbele yako, ruhusa ya mama juu ya tanuri, na maneno yake kuhusu mtoto kumaliza shule. Usiseme zaidi ya hapo, na usinipunguzie mimi. Nakujua. Utataka kusema kwamba mdogo wako alikuwa na mawazo mengi wakati ule. Usiseme. Sikuwa na mawazo mengi. Nilikuwa na wazo moja.

La pili, uende kwa Mama Fide kabla ya siku hiyo. Msalimie kwa niaba yako, si kwa niaba yangu. Salamu zangu nilimpa kwenye simu, akazipokea kwa adabu, na sidhani kama alizihitaji. Nilimwambia nimeapa. Alijibu, "Sawa, nimesikia," kisha akauliza kama huku tunapata samaki wabichi au wa barafu. Nikamwambia wa barafu. Akasema pole. Tangu hapo hajanipigia, na mimi sijapata la kumwambia ambalo lisiwe kumwomba anifanye nijisikie vizuri.

Nisalimie Shemeji, mwambie asikuruhusu kupanda dungu tena, na kama hana ubavu wa kukuzuia basi aing'oe ngazi. Nisalimie Mjomba Benedikto aliyekiongoza kile kikao cha ukoo. Yeye nitamwandikia barua yake, kwa kuwa ni yeye aliyeniachia nyumba ile mbele ya watu, na nisingependa aisikie habari hii barabarani. Mama Mkubwa wa Mahenge mwambie dawa ya macho nitaipata. Binti yako Perpetua mwambie wimbo wa kwaya alionitumia umefika na Mama Ngoie ameomba niurudie.

Ufunguo usiuache Mchombe. Ukienda Mlabani uuchukue, na ukindu wake hivyo hivyo, uuoneshe baraza, kwa sababu hakuna anayetunziwa ufunguo wa nyumba asiyoishi. Kisha umkabidhi mwenyewe mkononi. Pale mlangoni kuna makufuli mawili. La chini ni lake, na ufunguo huo utalifungua. La juu lina chapa ya dalali, lakini mimi ndiye niliyelifunga.

Ni mimi mdogo wako,
Longino